Otieno kwa mtoto wa mchana, inaruhusiwa?

Wasee, kijana wetu amezaliwa saa nane mchana, mvua inanyesha balaa hapa Umoja, na mzee wangu anataka aitwe Otieno kama marehemu babu, sasa si kwetu Wajaluo Otieno ni wa kuzaliwa usiku?

— Hongera baba! Ndio, Otieno ni wa usiku, msichana Atieno. Wa mvua ni Okoth, koth ndio mvua yenyewe. Lakini jina la kurithi halifuati saa, hapo mnamkumbuka babu.

— Mpe yote mawili. Mimi Mkamba, naitwa Mutinda, yaani aliyekawia, mamangu alingoja sana kunipata na kila nikiitwa namkumbuka.

— Kwetu Wakalenjin huyo wa mvua ni Kiprop, angekuwa msichana Jerop.

— Asanteni sana, basi Okoth Otieno, nampigia mzee saa hii.