Bobby Heenan: meneja wa mieleka kazi yake hasa ni nini?

Kamba_ya_Tatu:
Wakuu habari zenu. Siku hizi naangalia sana mieleka ya zamani ya Marekani, ile ya kampuni ya WWF miaka ya 80 na 90, na kila nikigusa mechi namkuta jamaa mmoja wa nywele za blondi, Bobby Heenan, wanamwita The Brain. Mara yuko pembeni ya ulingo anafanya fitina, mara kakaa mezani anatangaza. Watu wanasema hajatokea meneja kama yeye. Sasa swali langu, kama matokeo yanapangwa na kampuni meneja ana kazi gani? Na mbona watu wake wanachapwa kila siku? Nimempenda lakini simuelewi, naombeni mnifafanulie.

Jabali_la_Kona:
Mkuu, kazi ya meneja ni mdomo. Kuna majitu yana miili kama milima ila ukiyapa maiki yanapotea kabisa, hapo ndo meneja anaingia, anaongea yeye, anakera yeye, mpaka shabiki anakata tiketi ili tu aje aone hao watu wakichapwa. Kwahiyo kuchapwa ndo biashara yenyewe, adui lazima mwisho apigwe na stelingi.

Chukua André the Giant 1987. Miaka na miaka anapendwa na kila mtu, rafiki wa Hulk Hogan, stelingi wa WWF wakati huo, halafu siku hiyo anatokea na Heenan ubavuni. Hakuna aliyehitaji maelezo, ukimuona tu Heenan umeshajua urafiki umekufa. André akamchania Hogan fulana na mkufu wake wa msalaba ukakatika. Ikatoka hapo pambano lao kwenye WrestleMania III, onyesho kubwa la WWF la kila mwaka, tarehe 29 Machi, Pontiac Silverdome, idadi iliyotangazwa ni watu 93,173. Angalia André na Heenan wanavyoletwa ulingoni kwenye kigari, watu wanawarushia takataka njia nzima. André wakati huo mgongo unamtesa, ni Heenan aliyebeba maneno yote ya lile pambano.

BintiWaMkanda:
Naongezea hapo kwa Jabali, watu wanasahau kwamba Heenan alikuwa anajua kupigana. Kazaliwa Chicago 1944, shule kaachia darasa la nane ili amsaidie mama yake na bibi yake, akaanza kwa kubeba mabegi na majaketi ya wacheza mieleka. Ndo maana alijua kuanguka kuliko mameneja wote, na kuanguka ni ufundi jamani, ukipigwa ngumi ukadondoka vibaya yule aliyekupiga anaonekana dhaifu. Kule AWA, kampuni nyingine ya mieleka, alikuwa meneja wa Nick Bockwinkel alipouchukua ubingwa wa dunia 1975. Mwaka 1983 akavunjika shingo Japani na bado aliendelea kupigwa na kuanguka kwa ajili ya wengine.

Mashabiki walikuwa wanamwimbia Weasel, yaani kicheche, ukumbi mzima, na yeye anaziba masikio anazunguka ulingo kama mtu aliyetukaniwa mama. Mpaka kukawa na mechi ambazo akishindwa anavalishwa vazi la kicheche akiwa amezimia. Mpiganaji The Ultimate Warrior alimfanyia hivyo 1988. Akizinduka anajikuta na manyoya na mkia, anajirusha chini, anahangaika kulivua kama linamuunguza. Ukitazama hapo humwangalii Warrior tena!

sauti_ya_meza:
Kwangu mimi utangazaji ndo ulimfanya awe Heenan. Tafuta Royal Rumble ya 1992, ubingwa wa WWF uko wazi, watu 30 wanaingia mmoja mmoja, anayebaki wa mwisho ndo bingwa, na Ric Flair, kipenzi chake, anaingia namba 3, yaani lazima awavumilie karibu wote. Heenan anaona kila kitu kimeharibika. Kuanzia hapo kama saa nzima analalamika, anaomba, anabadilisha kauli, mtu akimsaidia Flair anamsifu na dakika hiyohiyo akimgeuka anamtukana, na mtangazaji mwenzake Gorilla Monsoon pembeni anamkatisha tu. Mtangazaji wa kawaida angekutajia nani kaingia nani katoka basi. Huyu alikufanya uhesabu dakika pamoja na Flair, na Flair alipobeba mkanda ukahisi Heenan ndo kashinda.

Jabali_la_Kona:
Ila alipohamia kutangaza WCW, kampuni pinzani ya WWF, hakuwa yule yule. Na kwenye onyesho lao la Bash at the Beach 1996 Hogan anatokea, yeye anauliza Hogan yuko upande gani, si alitoboa siri kabla Hogan hajawageuka wenzake na kujiunga na maadui?

sauti_ya_meza:
Hapana mkuu, hapo nakataa. Huyu mtu amemchukia Hogan hewani miaka na miaka, ulitaka amshangilie? Angemshangilia ndo watu wangeshtuka kwamba kuna kitu.

BintiWaMkanda:
Na msimalize bila kumzungumzia Monsoon vizuri. Desemba 1993 Heenan anaondoka WWF, wakapanga Monsoon amtupe nje na vitu vyake kwenye Raw, kipindi cha WWF cha kila wiki, mbele ya kamera ni vurugu, nje ya kamera walikumbatiana wakalia. Monsoon alipofariki 1999 Heenan alimuaga hewani akiwa kampuni pinzani kabisa. 2002 akakutwa na saratani ya koo, fikiria, mtu aliyeishi kwa koo. 2004 anaingizwa Hall of Fame, orodha ya heshima ya magwiji wa mieleka, kawachekesha watu muda mrefu, halafu mwishoni akasema anatamani Monsoon angekuwepo. Amefariki Septemba 2017.

Kamba_ya_Tatu:
Asanteni sana wakuu. Ile Rumble niliiangalia sauti nimezima, usiku watu wamelala. Leo naianza upya na hedifoni.