Nimefungiwa jiko la kuni katikati ya baridi – msaada

Tumaini (Jokkmokk, Uswidi): Kamwene wote. Mkaguzi wa bomba la moshi kaja leo, kaniachia eldningsförbud, yaani marufuku ya kuwasha jiko. Kuna ufa unaovujisha moshi darini. Niko peke yangu kwenye nyumba ya mbao msituni, nje ni -27, tegemeo ni hilo jiko. Nimeambiwa nijaze anmälan (taarifa ya kazi kwa manispaa), nisubiri startbesked (ruhusa ya kuanza kazi). Je, naruhusiwa kuwasha moto mdogo usiku wakati nasubiri?

Atupele (Umeå): Pole dada. Anmälan ni ya jiko jipya tu.

Baba Upendo (Luleå): Si kweli, Atupele, usimpoteze. Ufa kama huo mara nyingi dawa yake ni kushusha bomba la chuma cha pua ndani ya lile la zamani, na hayo ni mabadiliko makubwa: anmälan, startbesked, kazi, ukaguzi, ndipo slutbesked (ruhusa ya kutumia). Angalia na kuni zako. Unyevu ukizidi asilimia 20, halafu ukabana hewa ili moto ufike asubuhi, moshi unapoa njiani na kuacha lami ndani ya bomba. Lami ikishika moto, joto hukaribia nyuzi 1,000, tofali linapasuka. Kuni za mti wa birch zipasuliwe Machi au Aprili, zikauke kiangazi chote, juu zimefunikwa, pembeni wazi.

Mama Neema (Makete): Mwanangu, si uingize jiko la mkaa chumbani? Huku Juni ndivyo tunavyofanya.

Baba Upendo: Shikamoo mama. Hapana, na huko pia acheni. Kaboni monoksaidi haina harufu, na mkaa uliokolea, usio na moshi, bado unaitoa. Nyumba za huku zimezibwa kila upenyo.

Atupele: Basi hita mbili za umeme, wati 1,000 kila moja. Breka ya ampea 10 hubeba wati 2,300, kwa hiyo birika liende laini nyingine. Umeme ukikatika muda mrefu: funga maji, fungua koki zote, mwaga tangi la maji moto, mimina glaikoli (dawa ya kuzuia maji kuganda) kwenye kona ya bomba chini ya sinki na chooni. Watu husahau choo, kinapasuka.

Mama Neema: Arudi tu nyumbani. Baridi ya Kitulo jua likipanda inakwisha, na ulanzi, pombe yetu ya mianzi, upo.

Atupele: Arudi na pasi ipi, mama? Ukichukua ya huku, ya Tanzania imekwenda. Tuliomba uraia pacha, tukapewa hadhi maalumu.

Baba Upendo: Uraia pacha una uzi wake, tafadhali. Mama Neema, huo ulanzi ni mtogwa (mbichi, mtamu) au tayari mkangafu (uliochacha, mkali)?