MJADALA: Nahodha wa India analipwa na Reli. Mechi atazipata wapi?

Mleta mada

Wadau, salaam. Leo naomba tuweke soka pembeni, tuzungumze mpira wa wavu wa wanawake wa India. Kuna swali linanikera, na sidhani kama linawahusu Wahindi peke yao.

Mwaka 2018, kwenye Michezo ya Asia kule Jakarta, nahodha wa India alikuwa Minimol Abraham, binti wa Kannur, kaskazini mwa jimbo la Kerala, kusini mwa India. Baadaye unahodha ukaenda kwa Nirmal Tanwar wa Haryana, jimbo la kaskazini. Hawa wawili wametoka pembe mbili za nchi zilizo mbali sana, lakini njia iliyowafikisha ni moja: wote ni waajiriwa wa Shirika la Reli.

Kwa asiyejua, Reli ya India ina bodi yake ya michezo tangu 1928. Binti akionekana ana kipaji anaajiriwa kwa nafasi za wanamichezo. Anakuwa karani au mkagua tiketi, ana mshahara, ana matibabu, na akiitwa kambi ya taifa anapewa ruhusa. Ndiyo maana ubingwa wa taifa wa wanawake umekuwa kama ugomvi wa nyumba moja, mwaka nenda mwaka rudi fainali ni Reli na Kerala. Mwaka 2018 Reli waliwafunga Kerala wakiwa kwao Kozhikode (mji uitwao pia Calicut), mbele ya watu wao. Mwaka uliofuata, Chennai, Kerala wakavunja mwiko. Na ukitazama vizuri jezi za Reli, ndani yake kuna mabinti wa Kerala waliofuata ajira.

Sasa sikilizeni. Wanaume wa India wana ligi ya kulipwa. Ya kwanza ilichezwa 2019, ikavunjika kwa mgogoro na shirikisho, ikazaliwa nyingine 2022, Prime Volleyball League. Ilianza na timu 7, kufikia 2025 zilikuwa 10. Kolkata wamechukua kombe, Ahmedabad wamechukua, Calicut wamechukua, Bengaluru wamechukua. Bingwa wa 2023, Ahmedabad Defenders, alicheza hadi Klabu Bingwa ya Dunia ilipofanyika Bengaluru Desemba mwaka huo huo, uwanja mmoja na Perugia ya Italia.

Wanawake? Hawana ligi ya namna hiyo. Hata moja.

Hoja yangu ni hii: nahodha wa India hana shida ya mshahara kama watu wanavyodhani. Shida yake ni mechi. Anajifua mwaka mzima, anacheza mashindano ya taifa ya siku chache, halafu anavalishwa jezi yenye ule mstari mfupi wa nahodha chini ya namba na kuambiwa akasimame na China. Jakarta walipangwa kundi moja na China, Korea Kusini, Kazakhstan, Vietnam na Taiwan. Hebu fikiria unapokea mipira ya kuanzishia ya namna ile mara moja kwa miaka kadhaa. Mikono itazoea lini?

Nasema ligi ya wanawake ianze sasa, na wenye ligi ya wanaume wabebe jukumu hilo. Karibuni.

Mchangiaji, Dar es Salaam

Mleta mada, umeandika vizuri ila umedharau kitu kikubwa. Ajira ya Reli si jambo dogo kwa mtoto wa kike wa kijijini Haryana. Baba anamruhusu binti avae kaptula akacheze mbele za watu kwa sababu anaona mwisho wake kuna kazi ya serikali. Ondoa hiyo kazi uone kama uwanja utakuwa na watoto. Ligi ni wiki chache, goti likivunjika wiki ya pili, nani anakutazama? Reli inakutazama.

Pia usisahau kabaddi, ule mchezo wa jadi wa India wa kukimbizana na kukamatana. Mwaka 2016 walianzisha Women's Kabaddi Challenge, timu tatu, televisheni, mbwembwe zote. Haikurudi tena. Kabaddi ni mchezo wao wenyewe, tena ligi ya wanaume inatazamwa mno. Kama kabaddi ilishindwa, mpira wa wavu utapona vipi?

Mleta mada

Ndugu yangu wa Dar, hakuna mahali niliposema kazi iondolewe. Mbona wanaume hawaulizwi swali hilo? Wachezaji wengi wa ligi ya wanaume ni waajiriwa wa Reli, wa majeshi, wa mashirika ya umma. Mwajiri anatoa ruhusa, mtu anacheza ligi, ikiisha anarudi kazini kwake. Ni mwanamke tu anayeambiwa achague, ama mkate ama uwanja.

Kuhusu kabaddi nakubali ilikufa, ila tuangalie ilivyozaliwa. Timu zile tatu ziliitwa Fire Birds, Ice Divas na Storm Queens. Za mji gani? Hakuna. Mtu wa Patna au Jaipur angesemaje "hii timu yetu"? Zilipachikwa katikati ya msimu wa wanaume kama pambo la mapumziko. Ukipanda mbegu juu ya zege usiilaumu mbegu.

Mchangiaji, Nakuru

Mimi niko upande wa Dar, na nitawapa mfano wa kwetu. Kenya timu kubwa za voliboli ya wanawake ni za waajiri: Kenya Pipeline, benki ya KCB, Magereza, siku hizi na DCI, idara ya upelelezi. Dada zetu wanaajiriwa, wanacheza. Kwa mfumo huo huo Malkia Strikers, timu yetu ya taifa, wameenda Olimpiki ya Tokyo na ya Paris, na kabla ya hapo Sydney na Athens. India na watu wao zaidi ya bilioni, timu yao ya wanawake haijawahi kucheza Olimpiki. Kwa hivyo ubaya si mfumo wa mwajiri. Mimi naona hawana makocha na hawana mipango, ligi isisingiziwe.

Mchangiaji, Kigoma

Nakuru, hapo umelinganisha bara na bara. Sisi Afrika tunagombania nafasi na Cameroon, Misri, Algeria. Wao wana China, Japani, Thailand na Korea kwenye foleni moja.

Mleta mada

Kigoma kanisaidia, lakini mfano wa Nakuru ni wa maana kuliko hapo, kwa sababu unaeleza ninachokitafuta. Kenya mwajiri analipa, na ligi ya taifa ipo. Pipeline anakutana na KCB, anakutana na Magereza, msimu unakwenda, kisha kuna klabu bingwa Afrika. Mwajiri na mechi vinakwenda pamoja.

Tazama Japani. Timu iliyochukua dhahabu ya Olimpiki ya Tokyo 1964, mwaka ule mpira wa wavu ulipoingia Olimpiki kwa mara ya kwanza, karibu yote ilikuwa ya wafanyakazi wa kiwanda cha nguo cha Nichibo kule Kaizuka. Nahodha wao, Masae Kasai, alikuwa mwajiriwa kama Nirmal alivyo mwajiriwa. Mchana ofisini, jioni hadi usiku mazoezini na kocha Hirobumi Daimatsu, kupiga mbizi sakafuni mpaka viwiko vinachubuka. Miaka michache baadaye Wajapani wakaanzisha ligi ya timu za makampuni, na ndiyo iliyolea vizazi vilivyofuata. Kampuni haikuacha kulipa mishahara. Iliongezewa wapinzani.

India wao wamebaki na nusu ya kwanza ya hadithi hiyo.

Mchangiaji, Abu Dhabi

Habari zenu. Niko huku Ghuba, nafanya kazi na Wakerala kila siku, niseme ninachokiona. Hawa watu na voliboli ni pete na kidole. Jioni ya mapumziko wavu unafungwa kati ya nguzo mbili nyuma ya makazi ya wafanyakazi, taa ya gari inawashwa, na hapo ni kelele hadi usiku. Jimmy George, mchezaji wao mkubwa kuliko wote, alichezea klabu ya hapa Abu Dhabi kabla ya kwenda Italia, ambako alifariki kwa ajali ya gari 1987. Mashindano ya kumkumbuka yanafanyika hapa hapa mjini. Nimewahi kukaa jukwaani, watu wanajua mchezaji fulani anaruka na mguu gani.

Lakini niliwauliza wenzangu wawili wanaotoka Kannur kama wanamjua Minimol Abraham. Mmoja alisema jina analisikia. Mwingine alimjua mara moja, akasema ni wa kwao, halafu akashindwa kukumbuka ni lini mara ya mwisho kumwona akicheza. Hawa ni wapenzi wa damu wa mchezo! Kama wao hawamwoni, nani atamwona?

Mchangiaji, Dar es Salaam

Hilo la Abu Dhabi limenigusa, nakiri. Ila swali la fedha bado hamjalijibu. Ligi ya wanaume ni mali ya watu binafsi, wenye timu wameweka fedha zao. Utawalazimishaje? Ligi ya kriketi ya wanawake iliwezekana 2023 kwa sababu bodi ya kriketi ina utajiri wa kutisha. Mchezaji Smriti Mandhana alinunuliwa na timu ya Bangalore kwa rupia milioni 34 kwa msimu mmoja. Mpira wa wavu hauna bodi hiyo. Shirikisho lao lilifungiwa na FIVB, shirikisho la dunia la mpira wa wavu, Desemba 2016 kwa ugomvi wa viongozi, na hata lilipofunguliwa limeishia kuendeshwa na kamati za muda. Nani wa kusimamia?

Mchangiaji, Nakuru

Na hiyo adhabu iliwaumiza wachezaji kuliko viongozi. Ukifungiwa hakuna mechi ya kimataifa. Mchezaji ana miaka mingapi ya kuruka?

Mleta mada

Nakuru, umenena, na hapo ndipo penye uchungu wangu. Timu ya Minimol ilikwenda Jakarta ikitoka kwenye kifungo ambacho hakuna mchezaji aliyekisababisha. Viongozi wanagombana, binti anapoteza mwaka ambao goti lake halitamrudishia. Halafu wakifungwa na China, tunaandika kwamba wanawake wa India hawana kiwango.

Dar, tuje kwenye fedha. Kriketi nakuachia, ni ulimwengu mwingine. Lakini mpira wa magongo (hoki) je? Ligi ya magongo ya India ilisimama miaka mingi. Iliporudi, mapema 2025 ikawa na ya wanawake kwa mara ya kwanza: timu nne tu, mechi zote Ranchi, na Odisha Warriors wakawa mabingwa wa kwanza. Timu nne, mji mmoja, wiki chache. Ukubwa huo unabebeka.

Na kuhusu kulazimisha, ni kweli shirikisho halina meno. Lakini ligi ya wanaume inarushwa duniani kwa ubia na Volleyball World, kampuni ya biashara ya FIVB. FIVB hao hao wanahubiri usawa wa mchezo huu kila mkutano. Wanaweza kusema ubia ujao una sharti: msimu wa wanaume uwe na msimu wa wanawake, hata mfupi. Serikali za majimbo nazo zipo. Jimbo la Odisha limeyabeba magongo kwa miaka, Kerala inashindwa nini kuubeba mpira wa wavu?

Tena hawa si wachezaji wa kubabaisha. Desemba 2019 Kathmandu, fainali ya Michezo ya Asia ya Kusini, Nepal wakiwa kwao, ukumbi mzima unawazomea wageni, wanawake wa India walishinda kwa seti tano. Mtu asiye na moyo hashindi seti ya tano ugenini.

Mchangiaji, Kigoma

Ungeanzia wapi, kama ungepewa kalamu?

Mleta mada

Ningeanzia Kerala, mkuu. Tayari kuna klabu mbili za wanaume pale, Calicut na Kochi. Zina rangi, zina mashabiki, zina wadhamini. Kila moja iunde timu ya wanawake kwa jina lile lile na jezi ile ile, mtu wa Kozhikode asihitaji kujifunza kupenda kitu kipya. Reli waingie kama Reli, kwa sababu ndio wenye wachezaji. Timu ya nne itoke kaskazini, ili mabinti wa Haryana wachezee karibu na kwao. Kila mmoja akutane na mwenzake nyumbani na ugenini. Waajiri watoe ruhusa kama wanavyowapa wanaume, neno kwa neno.

Asiyekubali aniambie ni kipi kati ya hivyo kisichowezekana. Dar, nakusubiri wewe kwanza.

Mchangiaji, Dar es Salaam

Reli kukubali kucheza ligi ya watu binafsi, hapo tu ndipo ninapokukatalia. Mengine sina ubishi nayo.