Daktari kaniazima kalamu yake ili nimshtaki kwa Baraza la Madaktari!!!

Wakuu, naandika mikono inatetemeka.

Watu wa Mbeya mnamjua. Yule wa miwani kichwani, haijawahi kushuka machoni tangu uhuru. Nimemtoa mama Tukuyu, mguu umevimba kama gogo. Foleni mpaka baridi ikahamia kwenye mifupa. Tunaingia, bwana mkubwa yuko kwenye simu, anapanga biashara ya viazi. Kitenge hajakiinua auone mguu! Anaandika panado huku anauliza, "Gunia ngapi?" Mama wa watu anamjibu, "Mwanangu, sina magunia, nina mguu."

Nikamwambia, dokta, nakuandikia Baraza la Madaktari. Akacheka. Akachomoa kalamu mfukoni, akanipa. "Andika. Jina langu lina H, usiiache."

KALAMU YAKE, WAKUU!!

Tumefika mlangoni, anapaza sauti, foleni nzima inasikia: "Kijana, kalamu yangu." Yenyewe haina hata kifuniko!

Afutiwe usajili, afutiwe cheti cha darasa la saba, afutiwe na ubatizo.

Binti Uyole: Pole ya mama. Kalamu ulirudisha?

Mleta uzi: Nilirudisha. Ndiyo inayoniua!!

Mnyalukolo: 😂😂 Mtu kakupa mpaka kalamu, wewe unakuja kutuandikia sisi.

Wakili wa Kijiweni: Acheni utani. Baraza la Madaktari Tanganyika lina sheria yake ya 2017. Andika barua: jina lake, kituo, tarehe, kilichotokea, ambatanisha nakala ya cheti na risiti. Akikutwa na hatia anaweza kuonywa, kusimamishwa, hata kufutwa kwenye rejista. Ukitaka fidia, hiyo ni mahakamani. Na wauguzi usiwachanganye humo, wana Baraza lao la Uuguzi na Ukunga.

Mleta uzi: Na kalamu sheria inasemaje?

Wakili wa Kijiweni: Mkuu, peleka mama kwa daktari mwingine kwanza.

Kijana wa Kyela: Afadhali wewe. Mimi niling'olewa jino zima, bovu likabaki. Kulalamika naambiwa, "Basi kesho njoo tutoe na hilo."

Mnyalukolo: Hivi dokta aliambiwa viazi bei gani?

Mkulima Uporoto: Usiulize bei, uliza gunia gani! Mwisho wa gunia ni kilo 100, wao wanaliongezea kilemba juu, linashonwa linapumua kwa shida, bei ileile. Lumbesa itatumaliza. Mnamshtaki daktari, sisi tunamshtaki nani?

Binti Uyole: Dalali akija na gunia lake, ujue umelia.

Mkulima Uporoto: Na dadangu, ukikataa anahamia shamba la jirani.

Mleta uzi: Wakuu, turudi kwenye mada. KALAMU...

Kijana wa Kyela: Mkulima, mbegu ya viazi unatoa wapi? Njoo pembeni tuongee.