Namba ya Kaka Omari bado imo

Jumapili usiku, kundi la "Ukoo wa Muheza tuliopo Dar"

Shangazi Zuhura: Asalam aleykum jamani. Nimetoka hosteli kwa Rehema sasa hivi, niko kwenye daladala ya Mbagala. Hali sio nzuri. Mtoto kakonda shingo imebaki mishipa, rumeti wake kanivuta pembeni ananiambia tangu arudi kumzika baba yake, kaka Omari, hajaingia darasani hata siku nne, anashinda kajifunika shuka, na kula mpaka aombwe

Mama Salma: Waaleykum salaam. Jamani 😢 mie nlimpigia Alhamisi akanambia nko poa mama mdogo

Shangazi Zuhura: Wote anatwambia poa. Hata mie leo kanambia poa huku machozi yanamtoka

Baba Mdogo Hassani: Wiki ya tatu hii. Inabidi akaze. Kila mtu anafiwa, mie baba katutoka niko darasa la sita na baada ya siku tatu nlirudi shule hakuna alienibembeleza

Idi: na ndo mana ba mdogo mpaka leo wakimtaja babu unatoka nje unajifanya simu inaita

Baba Mdogo Hassani: Idi nakuheshimu

Idi: samahani mzee

Mwajuma Nesi: Niko zamu ya usiku nawasoma kwa kuibia. Ba mdogo wiki tatu ni mapema mno. Hata wataalamu hawayaiti majonzi ugonjwa kwa wiki tatu, mwongozo wa Shirika la Afya Duniani unataka ipite miezi 6 na zaidi, Wamarekani kwenye mwongozo wao wa 2022 wanasema mwaka kwa mtu mzima. Kukosa usingizi, kusoma ukurasa mmoja mara tano hauingii, kusahau umeweka wapi funguo, hiyo ndo kawaida ya aliyefiwa, sio uvivu

Baba Mdogo Hassani: Kwetu sisi msiba siku tatu, zaidi ni mjane tu

Mwajuma Nesi: Siku tatu za kukaa matanga ba mdogo, moyo haujawekewa siku. Mtume mwenyewe alimlilia mwanawe Ibrahim

Baba Mdogo Hassani: Hapo sina neno

Idi: mi nlisoma sehemu kwamba majonzi yana hatua tano, kukataa, hasira, kujadiliana, huzuni, mwisho kukubali, kwaiyo Reh atakua kwenye ya nne, imebaki moja

Mwajuma Nesi: Basi la mwendokasi hilo Idi? Kimara mpaka Kivukoni unahesabu vituo? 😄 Hizo hatua alizileta daktari mmoja Elisabeth Kübler-Ross mwaka 1969, na alikuwa anaongea na wagonjwa wanaoelekea kufa wao wenyewe, sio waliofiwa. Aliyefiwa anakwenda anarudi. Asubuhi kacheka na wenzie, jioni kapishana na mzee kavaa kanzu kama ya babake anaanza upya

Shangazi Zuhura: Ngojeni niseme jambo mana linanikaa kooni. Siku ile jeneza linatoka nlimshika mkono nikamwambia usilie mwanangu wewe ndo mkubwa, ukilia wewe mama yako atafanyaje. Yani mie mwenyewe ndo nlimwambia. Na akanyamaza pale pale kama bomba limefungwa

Mama Salma: Wifi usijilaumu wote tulisema hivyo hivyo

Shangazi Zuhura: Ndo nasema wote

Mama Salma: Na mamake hawezi kuja, yuko eda mpaka miezi minne na siku kumi itimie. Kwaiyo mwenyewe wa Rehema hapa mjini ni sisi, tusidanganyane

Bakari Mweka Hazina: Sisi tuliojaza Coaster mbili kwenda Muheza 🙄 siku ya nne kila mtu na hamsini zake

Baba Mdogo Hassani: Basi aahirishe mwaka. Aje kwangu Tabata apumzike, mwakani anarudi akili imetulia

Idi: ba mdogo taratibu, ukiahirisha mwaka bumu, ile hela ya mkopo, linasimama mpaka urudi, kitanda cha hosteli unapewa mwenzio, na marafiki zake wanatangulia anarudi darasani hajui mtu, sa hapo umemuondolea baba na marafiki kwa mpigo. Mi naona kwanza aombe spesho

Shangazi Zuhura: Spesho ndo nini

Idi: anafanya mtihani baadae pamoja na wale wa sapu waliofeli wanaorudia, lakini kwake unahesabika ndo mara ya kwanza sio kurudia. Ila lazma barua iende KABLA ya mtihani na ushahidi uwepo, ukishakaa ukafeli ndo unaanza kusema nlifiwa hawakusikilizi. Na zile testi mbili alizokosa aende kwa kila mwalimu na kwa mlezi wa wanafunzi, mana kwao chuoni testi ni 40 na UE, mtihani wa mwisho, ni 60, akiacha testi zipotee anazuiwa UE yenyewe

Mama Salma: Ushahidi upi mtu tushamzika

Mwajuma Nesi: Kibali cha mazishi tulichopewa hospitali anacho Bakari. Cheti cha kifo kinatoka RITA, wale wa kusajili vizazi na vifo, hicho kifuatilieni hata mirathi itakihitaji

Shangazi Zuhura: Rumeti anasema alienda kwa mwalimu mmoja akajibiwa wanafunzi wa siku hizi kila testi ikifika wanaua bibi zao. Akageuka akaondoka ndo hajarudi tena

Mama Salma: Astaghfirullah

Baba Mdogo Hassani: Huyo mwalimu jina lake nani

Idi: tusiende huko ba mdogo, tutaharibu. Jumanne sina zamu, naenda nae mimi, barua nachapa mimi yeye atasaini. Mtu akiwa kwenye ile hali hata foleni ya kupiga muhuri anaiona mlima. Mi nlipofiwa na mama mwaka wa kwanza kilichonisaidia sio maneno, kuna jamaa alikua ananiletea noti zake jioni, anaweka mezani anaondoka haongei. Mpaka leo namsalimia kwa heshima

Bakari Mweka Hazina: Tukiwa hapo hapo kwenye mambo ya kufanya. Arobaini tuna 1,240,000 mkononi, ahadi 400,000. Bajeti ng'ombe, mchele kilo 80, turubai, usafiri

Mama Salma: Mie nasema ng'ombe awe mbuzi wawili. Mtoto wa marehemu hali, halafu sisi tunakula pilau la babake

Bakari Mweka Hazina: Watu watasema

Mama Salma: Waseme. Watu hao hao walisema pilau la siku ya tatu halina nyama

Shangazi Zuhura: Mie naunga. Ila hela usimtumie yote kwa simu, ataiangalia tu. Chakula kiende kimepikwa. Mie Jumatano na Jumamosi, nshamzoesha wali wa nazi na kisamvu

Mama Salma: Mie Ijumaa. Na atalala kwetu Jumapili Jumapili, asipotaka kuongea asiongee, Salma wanaangalia tamthilia wote huwa hawaongei vile vile

Bakari Mweka Hazina: Sawa mbuzi. Halafu nlikuwa nataka kuuliza kama admini, namba ya kaka Omari niitoe kundini? Kila nikituma orodha ya michango naiona pale nakosa raha

Shangazi Zuhura: We Bakari

Bakari Mweka Hazina: Nauliza tu dada

Baba Mdogo Hassani: Toa. Simu yenyewe si imezimwa

Idi: jamani

Idi: nimebonyeza ujumbe wangu pale juu kuona nani kausoma. Mjomba Omari kausoma. Saa mbili na dakika 41 usiku huu

Mama Salma: Idi mie sipendi utani wa hivyo nko peke yangu sebuleni

Idi: sio utani mama mdogo

Shangazi Zuhura: Simu ya kaka ilibaki kwa nani???

Kaka Omari: Shangazi ni mimi Rehema

Mama Salma: Subhanallah moyo wangu

Kaka Omari: Samahani sikutaka kuwashtua. Mama alinipa simu ya baba nije nayo. Naichaji kila siku. Nimesoma vyote

Kaka Omari: Naomba msimtoe

Bakari Mweka Hazina: Simtoi mama. Nisamehe. Simtoi

Baba Mdogo Hassani: Ujumbe huu ulifutwa

Baba Mdogo Hassani: Ujumbe huu ulifutwa

Kaka Omari: Ba mdogo usifute nshasoma 😊

Kaka Omari: Sijagoma darasa. Baba alikuwa ananipigia saa kumi na moja na robo kila siku kuniamsha, tangu niko bweni kidato cha tano namba ya matroni, mpaka chuo. Sijawahi kuweka alamu maishani. Sasa naweka, ikilia naona sio yeye naizima nalala. Nikiamka kipindi kimeisha naona aibu kuingia, ndo siku inaenda hivyo

Mwajuma Nesi: Reh mdogo wangu nakuuliza hapa hapa na ukitaka nijibu pembeni. Kuna saa unawaza bora na wewe usingekuwepo? Nauliza wazi mana kuuliza hakumtii mtu wazo

Kaka Omari: Hapana dada. Nawaza tu yeye angekuwepo

Mwajuma Nesi: Sawa. Siku likija hilo lingine unanipigia hata saa nane usiku, nakufuata na bajaji, tunaenda wote Muhimbili kitengo cha afya ya akili, na hakuna atakaekushangaa kule

Kaka Omari: Sawa dada

Shangazi Zuhura: Rehema. Lile neno nlilokwambia kwenye jeneza nalirudisha. Lia mwanangu

Kaka Omari: 😭 Nshaanza shangazi

Baba Mdogo Hassani: Mwanangu mie ni mtu wa Feri, saa kumi nusu niko sokoni nagombania samaki kila siku ya Mungu. Saa kumi na moja na robo niko macho muda mrefu tu. Nikikupigia utapokea?

Kaka Omari: Nitajaribu ba mdogo. Ila usinambie nikaze

Baba Mdogo Hassani: Sitasema

Jumatatu

Baba Mdogo Hassani: Nimepiga mara ya kwanza kimya. Ya pili kimya. Ya tatu kapokea, hakusema kitu, na mie sikuwa na la kusema na makelele ya mnada, nikamwambia leo dagaa mchele bei imekataa. Akacheka kidogo. Kasema anaswali halafu anaoga

Shangazi Zuhura: Alhamdulillah

Idi: ba mdogo na kesho utamwambia nini

Baba Mdogo Hassani: Bei ya kibua