Nimeokota mnyama mchanga siku ya tatu leo, nimlishe nini?

MtotoWaKonde: Assalaam alaykum jamani. Nna kitoto cha mnyama ndani hapa, kilianguka kiotani, maziwa hakitaki, kinalia usiku kucha hadi mama watoto kahamia kwa mamake. Nikilishe nini kisife? Na msinambie nikirudishe, hilo haliwezekani.

BiAsha_Wete: Mnyama gani? Komba? Tukushauri nini na wewe hutaji.

MtotoWaKonde: Popo. Hawa wetu wakubwa wenye manyoya mekundu.

Mzee_Mkarafuu: Popo wa Pemba huyo, dunia nzima hapatikani pengine. Miye udogoni babu yangu akitega nyavu kwenye mfenesi, popo akinasa tunamla na hakuna aliyeona ajabu, ilipofika miaka ya 90 mwanzoni walipungua hadi unakaa barazani magharibi nzima hapiti hata mmoja, ndo vijiji vikaunda klabu za kuwalinda. Leo Kidike mgeni analipa pesa kwenda kuwatazama wamening'inia tu mchana wamejifunika mabawa. Babu angecheka akaanguka.

Kijana_wa_Tandale: Tui zito na ndimu, kesi imeisha 😂

BiAsha_Wete: We kaa na tui lako. Mwenye uzi, kimeanguka wapi, na kwa nini hakirudi? Popo hubeba mwanawe kifuani, mamake huenda yupo palepale anakitafuta.

MtotoWaKonde: Msitu wa Ngezi. Ndani, upande wa majimaji karibu na mikoko.

BiAsha_Wete: Ukifanya nini?

MtotoWaKonde: Boriti tano tu za banda la kuku dada angu. Sasa niende kwa walinzi wa msitu niseme nilifuata nini? Na kuna mtu wa hoteli keshanipa advansi 50,000, anakitaka akawaonyeshe wageni, na hela yenyewe ishakuwa unga na mafuta. Sijaua mtu mie.

Ustadh_Micheweni: Boriti tano "tu". Mikoko ikisha maji ya chumvi yanapanda mabondeni, mpunga ukiungua mnasema mtihani wa Mungu. Sheria ya misitu ipo tangu 1996, bila kibali hukati. Na pesa ya mtu mrudishie.

Nguru_Mbichi: Ngojeni kwanza. Popo lini kajenga kiota? Na wiki iliyopita akaunti hii hii ilikuwa inaomba dawa ya kupe, ng'ombe wake yuko Makunduchi, Unguja. Leo Konde, Pemba. Tunachezewa watu wazima.

Kijana_wa_Tandale: Ng'ombe kavuka bahari kafika Pemba kawa popo 😂😂

Mzee_Mkarafuu: Kupe dawa yake ni tumbaku, sisi tulikuwa

Mzee_Mkarafuu: Samahani nimebonyeza.

MtotoWaKonde: Simu natumia na shemegi yangu, yeye ndo wa Makunduchi. Kiota nilisema ovyo. Kilianguka na tawi, nililolikata mie, haya mmefurahi? Saa hizi kimejining'iniza kwenye kamba ya nguo jikoni nimekipa papai, kinatafuna kinafyonza maji yake, makapi kinayatema kwenye kanga ya mama watoto. Hilo nalo nimetunga?

BiAsha_Wete: Basi kinakula, endelea na papai na embe bivu, na usikishike mkono mtupu, akikung'ata hayo mengine. Njoo inboksi, nna kaka angu anaijua njia ya Vumawimbi inayopita mle msituni, mkakiweke juu ya mti palepale wakati wa magharibi, boriti hatakuuliza.

MtotoWaKonde: Na yule wa advansi?

Nguru_Mbichi: Picha kwanza.