Ngumi katika filamu bubu: pambano la 1894, 1897 au 1899?

Mwanapicha: Darasa letu la historia ya filamu lina nafasi ya pambano moja tu. Lipi linaonyesha vizuri jinsi mchezo ulivyonaswa: Corbett na Courtney (1894), Corbett na Fitzsimmons (1897), au Jeffries na Sharkey (1899)?

Kitanzi: 1897, bila kusita. Carson City, Nevada, 17 Machi, raundi 14 juani. Mpiga filamu Enoch Rector alipanga kamera tatu ndani ya kibanda kimoja kando ya ulingo. Moja ikiwekwa mkanda mpya, nyingine inaendelea. Mkanda ulikuwa na upana wa milimita 63, ndiyo maana ulingo mzima unaenea kwenye picha. Kilichowezesha urefu ule ni kitanzi cha Latham: mkanda unaachwa ulegee kidogo juu na chini ya dirisha la kamera. Bila kitanzi, kila fremu inaposogea hulivuta gurudumu lote la mkanda kwa mkupuo, na mkanda mrefu hukatika.

Raundi6: Ya 1894 isidharauliwe, ila pambano lenyewe lilipangwa kwa ajili ya kamera. Pale Black Maria, studio ya Edison, raundi zilifupishwa zitoshee mkanda wa Kinetoscope (mashine ya kutazamia filamu mtu mmoja mmoja kupitia tundu), na kila raundi ikalipiwa kwenye mashine yake. Mkiionyesha, rekebisheni kasi: Edison alikuwa akipiga karibu fremu 40 kwa sekunde. Kwa kasi ya 16, ngumi zinatembea kama zimo majini.

Mwanga: Kwangu ni 1899. Coney Island, usiku, ndani ya ukumbi, raundi 25. Kampuni ya filamu ya Biograph walining'iniza taa kali za umeme 400 juu ya ulingo, na joto lake liliwatesa mabondia vibaya. Bila taa hizo mkanda wa wakati ule usingenasa kitu. Kampuni nyingine, Vitagraph, nao walipiga picha kwa wizi kutoka kwa watazamaji, wakitumia mwanga uleule! Darasa lipate na somo la haki miliki hapo hapo.

Kitanzi: Kwa taa nakubali. Ila mkichagua 1897, kagueni nakala kwanza. Siegmund Lubin wa Philadelphia aliuza igizo la pambano hilo, watu wengine wakifuata maelezo ya magazeti ngumi kwa ngumi. Katika filamu halisi, tazameni ukingo wa ulingo: umeandikwa jina la kampuni ya Rector, Veriscope, kwa herufi kubwa.